Alama ya Amina Kwenye Marobota Yako

Rukia, shoga yangu,

Amani ya Mwenyezi Mungu ikufikie hapo ulipolazwa. Nimekusomea Yasin kwanza ndipo nikachukua kalamu, usije ukasema Zuhura kaja na maneno yake kabla ya dua. Dua imetangulia. Sasa maneno.

Nina wivu, Rukia. Nakwambia wewe kwa sababu sina mwingine. Kila nilipopata wivu katika maisha yangu nilikuja kwako, ukanicheka, ukanipa chai, wivu ukapita. Safari hii wivu wenyewe ni juu yako. Sasa nimwendee nani?

Niko Guangzhou. Hoteli ile ile ya Xiaobei, ila chumba chetu nimekikataa. Yule mzee wa mapokezi alininyooshea ufunguo wake bila kuuliza, halafu akatazama nyuma yangu, anasubiri mtu wa pili aingie na mabegi. Nikamwambia kwa Kichina changu cha sokoni, "Meiyou." Hayupo, hakuna. Neno lile lile wanalotujibu soko la nguo la Shisanhang ukiuliza gauni saizi kubwa. Nimelitumia kwako kwa kuwa sijui jingine.

Nyumbani wazima. Mjukuu wangu, yule aliyenizuia kusafiri nawe mara ya mwisho kwa kuchagua kuzaliwa wiki ile ile, sasa anakaa mwenyewe na ana meno mawili. Duka lako la mapambo ya harusi bado limefungwa. Nikipita Darajani nazunguka upande wa pili wa barabara, na watu wanajua kwa nini, hawaniulizi. Nataka ukumbuke pia kwamba siku ya kukuosha ni mie niliyekushika kichwa. Walikuwepo ndugu zako na majirani, lakini kichwa nilikishika mie. Nimelitaja hili mapema kwa sababu katika barua hii nitaumbuka, na nataka liwepo limeandikwa.

Nilikuja huku na nia moja. Nilijua marobota yako ya safari ya mwisho bado yako godauni kwa Pendo, binti yetu wa Kichina wa kago. Nilijiambia, Zuhura, nenda ukayatoe, uyasindikize mpaka Unguja, umkabidhi Bi Mkubwa mkononi mwake mali ya mwisho ya mwanawe. Nani mwingine? Nilishaona hata nguo nitakayovaa siku hiyo.

Basi nikaenda kago. Pendo akanirukia shingoni. "Mama Zuru! Pole sana, pole." Akalia, akanifuta mie machozi badala ya kujifuta yeye. Unakumbuka kwamba kwake yeye na vibarua wake hatukuwahi kuwa Zuhura na Rukia. Alama yetu kwenye kila robota ilikuwa ZURU, wino mwekundu, herufi kubwa, na sisi tukawa Mama Zuru wawili. Ukija peke yako wewe Mama Zuru, nikija peke yangu mie Mama Zuru. Nilikuwa nikilalamika, lakini uongo. Nilikuwa nafurahi kupita kiasi.

Nikamwambia Pendo nataka vitu vya Rukia. Akafungua simu yake, akapekua, akapekua tena.

"Vipo," akasema. "Lakini alama si Zuru. Alama Amina."

"Amina gani?"

"Amina Mombasa. Mwenye alama ndiye anapokea. Mama Zuru mwenzako alisema hivyo mwenyewe, hapa, amesimama hapa."

Rukia. Miaka yote ile. Nilitoka pale sijui kama nimeaga.

Amina ninamjua kwa kukusikia wewe. Uliporudi ulinitajia kwa juu juu: kuna mtoto mmoja wa Mombasa tumelala chumba kimoja, anauza viatu vya watoto, mcheshi. Mcheshi! Nikasema vizuri, nikaendelea kukunja nguo. Sikujua kama hapo pana jambo la kuuliza. Ulikuwa unakohoa, ukasema ni viyoyozi vya Wachina.

Nikakaa siku kadhaa bila kumtafuta. Nilinunua mitandio nisiyoihitaji. Nilibishana bei katika maduka ya mtaa wa Yide Lu juu ya maua ya plastiki, na mie siuzi maua ya plastiki, ni wewe unayeuza; nikayaacha na mwenye duka akanifuata hadi mlangoni na kikokotoo chake. Ijumaa ikafika nikaenda msikitini, ule wa mnara mrefu mweupe ulio laini kama mshumaa, nikasali, nikatoka. Na pale nje, Rukia, nikaona kitu nisichokitarajia.

Unajua ninachotaka kusema. Matembezi yako.

Acha nikukumbushe kidogo, si kwamba umesahau, bali nataka kuyasema mie kabla ya kufika kwake. Kila Ijumaa tukiwa hapa, wenzetu wakikimbilia kumalizia manunuzi, wewe uliwakusanya wale waliofika China mara ya kwanza, ukawatembeza Mtaa wa Guangta. Mie nyuma, nimebeba mkoba wako. Ulikuwa ukianza hivi hivi kila mara: "Jamani, mnakanyaga nini hapa?" Mtu atajibu, "Lami, Bi Rukia." Nawe, "Lami ya jana hiyo. Chini yake mnakanyaga mtaa wa wageni."

Halafu unawapeleka nyuma zaidi ya miaka elfu, enzi za wafalme wa Tang. Mfalme yuko kaskazini, mwendo wa miezi. Huku kusini ndiko mwisho wa dola yake, joto, mbu na homa, na ofisa aliyemkosea Mfalme alihamishiwa huku kama adhabu. Ulikuwa ukimwigiza huyo ofisa akifungasha huku analia, na watu wazima wenye mabegi ya fedha kiunoni wakicheka barabarani. Halafu unasema: lakini mahali alipolia ofisa ndipo alipocheka mfanyabiashara. Meli za Waarabu na Waajemi zilifika hapa, mto wakati huo ukipita karibu, na wageni wakatengewa mtaa wao. Mji wenyewe Waarabu waliuita Khanfu. Ulilipenda neno hilo. Ulilitamka kama mtu anayepuliza chai.

Na mtaa huo, ulisema, ulikuwa na mkuu wake. Si Mchina. Muislamu, mmoja wao wenyewe, aliyekubaliwa na serikali ya Mfalme. Wakigombana anawaamua kwa sheria ya dini yao. Idi ikifika anawasalisha na kuwahutubia. Unapofika hapo ulikuwa unaniangalia mie, kwa sababu ulijua napapenda. Nilikuwa nafikiria mtu huyo, mbali na kwao namna ile, amesimama mbele ya safu za watu wenye viatu vya kila nchi, anasema Allahu Akbar mwisho wa dunia. Ulijua napapenda, na ulikuwa unapunguza mwendo.

Halafu sheria. Wageni wa taifa moja wakigombana wao kwa wao, wahukumiwe kwa desturi yao. Wakiwa wa mataifa mawili, sheria ya Mfalme inawahusu. Kuna kijana wa Kariakoo alikuuliza, "Na Mpemba na Muunguja je, Bi Rukia? Taifa moja hilo?" Ukamjibu, "Hao wapelekwe kwa Mfalme moja kwa moja, mkuu wa mtaa hawawezi." Nilicheka mpaka nikaangusha mkoba.

Yote haya uliyapata kwa yule mzee wa Kihui, Mchina Muislamu, pale msikitini, wewe na Kiarabu chako cha chuo cha Kurani, yeye na chake, nusu mnaelewana na nusu mnachekana. Mie niliishia darasa la saba na chuoni nilikuwa natoroka, unajua. Sikuwahi kusimulia mbele za watu. Lakini kila neno nilikuwa nalo. Ungekosea ningejua.

Na kila mara ulisimama mahali pamoja, mbele ya lile duka la viatu, ukapiga kofi, ukasema, "Basi, njaa. Twendeni tukale." Matembezi yakaishia hapo.

Sasa. Ijumaa hii nimetoka msikitini, namkuta binti amesimama mahali pako, watu wamemzunguka, anawauliza, "Jamani, mwakanyaga nini hapa?"

Nilimjua Amina bila kuambiwa. Si mrefu, si mfupi, ana mwanya, ana mikono inayosema. Amevaa baibui zuri kuliko langu. Nikajiunga nyuma, kimya, safari hii sina mkoba wa mtu. Nikamsikiliza kama hakimu, nikisubiri akosee. Hakukosea, Rukia! Mfalme, mbu, ofisa anayelia. Alilia vizuri kuliko wewe, na nimekasirika kuandika hivyo. Alipofika kwenye Khanfu alipuliza chai. Hata pumzi zako amezichukua. Wewe ulimpa hizo pumzi kwa safari moja tu, na mie niliyezibebea mkoba miaka yote niko nyuma nameza mate.

Akafika kwenye duka la viatu. Nikasema moyoni, haya, piga kofi, sema njaa.

Hakusimama. Akaendelea mbele.

Nilifuata kama mtu anayeingia chumba cha nyumba yake ambacho hakujua kipo. Akawapeleka mpaka kona yenye duka la majani ya chai, akashusha sauti, akasema hapa ndipo kisa kinapoishia. Akasema, mgeni akifa mjini humu, serikali inachukua mali yake na kuiweka. Inasubiri miezi mitatu. Akija mke au mtoto kudai, apewe. Asipokuja mtu, mali inakuwa ya serikali. Lakini kwao ni mbali, ng'ambo ya bahari, pengine habari za kifo hazijafika hata nusu ya njia. Miezi mitatu imekwisha, mke bado anapika akimsubiri. Mpaka akaja gavana mmoja akaliona hilo, akasema safari za bahari zinahesabiwa kwa miaka, kuzifungia miezi ni dhulma. Mtu akija wakati wowote na ushahidi wake, apewe mali ya maiti wake.

Mama mmoja alifuta macho na mtandio.

Mie nilishika ukuta.

Miaka mingapi nimetembea nawe mtaa ule na sijawahi kusikia kisa hicho? Wala dokezo. Nikawaka. Kipande kizuri kuliko vyote umempa mtoto wa Mombasa, mie ukanilisha wali. Halafu, nimeshika ukuta hivyo hivyo, ikanijia. Ulikuwa unakiruka. Kila Ijumaa ulipofika duka la viatu uligeuka, ukaniona, ukapiga kofi.

Ni kwa ajili ya marehemu mume wangu. Alifia Dubai na mizigo yake yote hatukuiona mpaka leo. Wewe ndiye uliyekaa nami eda nzima, ukinisikia nikiuliza kila siku viko wapi vitu vyake, walau viatu vyake. Ukaogopa nikisikia habari ya mali za wageni waliokufa nitavunjika barabarani. Nimekufahamu, Rukia. Lakini nani alikuomba? Ningelia, ningenyamaza, ningekula wali baadaye. Ulininyima gavana yule. Miaka yote ningekuwa namwombea dua mtu yule, Mchina wa zamani, kafiri au si kafiri Mungu ndiye ajuaye, aliyekumbuka kwamba kuna mke ng'ambo ya bahari anapika.

Watu walipotawanyika alinijia. "Wewe ni Bi Zuhura," akasema. Hakuuliza. "Nimekuona tangu mwanzo. Nilikuwa nasema moyoni, leo nikikosea huyu atanichinja."

"Ningekuchinja," nikamwambia.

Akacheka kwa ule mwanya, halafu akalia, halafu akaniambia twende tukale. Nikaenda, kwa sababu miguu haikuwa na pengine pa kwenda.

Tulikaa kwenye ule mgahawa wa Xiaobei unaoshukiwa kwa ngazi, wali na mbuzi. Sikumkawiza. Nikamuuliza, alama yako inafanya nini kwenye marobota ya Rukia? Na nakuomba usiniambie mlikuwa mnachanga nafasi ya mzigo, maana Rukia alikuwa anachanga na mie.

Akaacha kijiko. "Sikiza, Bi Zuhura. Haki ya Mungu sikutaka. Alikuwa mgonjwa, wajua? Alianguka kwenye ngazi za hoteli, nikampeleka hospitali mimi. Daktari alizungumza na sisi kwa simu ile ya kutafsiri. Alipotoka akanipeleka godauni moja kwa moja. Akashika kalamu ya maka akaandika jina langu kwenye marobota. Nikamwambia, Bi Rukia, wafanya nini? Akasema, mimi mali yangu sitaki ingoje mtu aje na ushahidi; nikifa, umpelekee mama yangu mkononi."

Nikauliza kwa nini si jina langu.

"Nilimuuliza hayo hayo. Akasema, ile alama yetu nusu yake ni mimi, na mimi hivi karibuni sitakuwepo. Na nikiandika jina la Zuhura peke yake, Pendo atampigia leo leo kumuuliza kulikoni, naye atajua. Akijua ataacha mjukuu hospitali, apande ndege, anililie njia nzima mpaka Unguja, na mimi bado sijafa."

Nilitaka kumpiga na kijiko kile cha wali. Kwa sababu hayo ni maneno yako. Hakuna mwingine duniani angeyasema hivyo, na hayakusemwa kwangu. Kwa hiyo ulijua. Ulirudi nyumbani ukijua, ukaja kumwona mjukuu wangu, ukamnyanyua, ukasema ana pua yangu maskini, na ulikuwa unajua. Mtoto wa Mombasa anajua ukuta wa hospitali ulikuwa rangi gani. Mie najua kikohozi cha viyoyozi.

Nikawa najiuliza pale mezani, wallahi, kama upuuzi: tukigombana mie na huyu, tupelekwe kwa nani? Mie wa Unguja, yeye wa Mombasa, wote tunasali, wote tunasema Kiswahili ingawa cha kwake kinarukaruka. Taifa moja au mawili? Tungekuwa taifa moja ningemshtaki kwa mkuu wa mtaa aliye Muislamu mwenzetu, na huyo angeniuliza swali moja tu: amana alipewa nani? Nami ningekosa la kusema. Kwa hiyo nikatamani tuwe mataifa mawili, nikapate nafasi kwa Mfalme.

Jana tukaenda godauni wote wawili. Marobota yako yamepangwa pembeni, yamefungwa vizuri na selotepu ya njano, na juu ya kila moja jina lile, kwa mwandiko wako. Hiyo ndiyo iliyoniuma zaidi ya yote, Rukia. Ungemwachia aandike mwenyewe. Lile A lako lenye kofia, unaloliandika kama paa la nyumba, nililiona kwenye jina la mtu mwingine, tena na tena, robota baada ya robota.

Amina akazungumza na Pendo pembeni, wakarudi. Akaninyooshea maka nyekundu. "Bi Zuhura, futa. Andika lako. Pendo amekubali, ataandika na kwenye karatasi. Mimi sitasema neno. Wewe ndiye ulikuwa wake."

Wewe ndiye ulikuwa wake. Alisema hivyo mbele ya vibarua.

Nikaishika. Nikafungua kifuniko. Ule wino una harufu inayopanda puani, ukanikumbusha kila safari tuliyowahi kufunga mzigo. Nilikuwa nimeshainama juu ya robota la kwanza. Ninakwambia kweli, nilishaona jina langu pale, nilishajiona kwa Bi Mkubwa, baibui langu jipya, majirani dirishani.

Lakini amana, Rukia. Tulisoma sote chuoni, mkeka mmoja, mie nikiwa sijatoroka siku hiyo: ukimpa mtu amana ni yake kuibeba mpaka aifikishe kwa mwenyewe. Ungetaka niibebe mie, mdomo ulikuwa nao, simu ulikuwa nayo. Ulimchagua mtu ambaye hatalia njia nzima. Nikibadilisha nitakuwa nimekuibia, tena baada ya kukushika kichwa kwa mikono hii hii.

Nikafunga kifuniko nikamrudishia. Usinisifu. Sikufanya kwa moyo mweupe. Nilimrudishia kwa nguvu mpaka akarudi nyuma hatua, na nikamwambia kofia za A zile ni za Rukia, asije akajidai ni mwandiko wake.

Hakukasirika. Akasimama na maka yake, akaniuliza kama mtoto, "Mimi Unguja sijawahi kufika. Nyumba yake nitaijuaje?"

Ndipo nikakumbuka uchochoro wa kwenu Miembeni, unavyojikunja mara mbili kabla ya mlango, mgeni anazunguka anarudi alikotoka. Nikamwambia nitamchukua bandarini mie mwenyewe.

Kuna jingine sijakwambia, na nimelificha mpaka hapa makusudi. Tangu uondoke, kila nikienda kumwamkia Bi Mkubwa ananishika mkono ananiuliza kuhusu safari ile. Alikuwa anakula? Alikuwa anacheka? Alikaa chumba na nani, alipata wa kumshika? Anaamini mie najua kila kitu chako. Nami naketi pale nababaisha, nasema alikula, alicheka, na macho yangu yanatazama mkeka. Hana anachokitaka katika marobota yale, mapambo ya harusi za watu, atayafanyia nini? Anataka majibu. Majibu anayo Amina.

Laiti ningekuwa nayo mie. Nimelisema mara moja, silirudii.

Kwa hiyo hii ndiyo ahadi yangu, na Mwenyezi Mungu ni shahidi juu ya kalamu hii. Mzigo ukifika nitampeleka Amina mpaka barazani kwenu. Nitamwonyesha mlango, lakini atabisha yeye. Bi Mkubwa atamkumbatia yeye kwanza, atamlilia yeye begani, atamuuliza yeye. Mie nitakaa barazani na viatu vyao mpaka waniite. Nitaumia, usidhani sitaumia, nitakuwa nawasikia kupitia dirisha na nitakuwa naungua. Lakini sitaingia kabla sijaitwa. Na Ijumaa zote zilizobaki hapa nitatembea naye Mtaa wa Guangta, mpaka kona ya majani ya chai, na siku akipatwa na mafua nitasimulia mie. Nimekwisha kujaribu mbele ya kioo cha hotelini. Ofisa simwezi, lakini mkuu wa mtaa namweza.

Mungu akupanulie kaburi lako, aliangazie, akusamehe yale unayoyajua na hili la kunificha ambalo mie bado sijalimaliza kulisamehe, naendelea. Lala, shoga yangu. Na siku Mola atakapotukutanisha, kama kuna habari yoyote ya huko, nzuri au mbaya, tafadhali, nakuomba, niambie mie kwanza.

Wako Zuhura